Kabla Hujaifunua Leso

Mjukuu wangu, ujumbe wako wa fedha za kamera nimeupata. Umeniandikia jina lake, bei yake na lenzi zake mbili, ukasema bila hiyo hutapata kazi kwa watu wa Nairobi wanaokuja kupiga filamu Watamu na Kilifi. Sikukatalii. Mimi nilianza kazi hapa Malindi kwa kamera ya kuazima, kwa hiyo ninajua uchungu wa fundi asiye na chombo chake. Fedha utapata. Ila kwanza nina maneno, na ninakuomba uyasome kwa kituo, usiyapitie kwa kidole kama unavyopitia mambo ya simuni.

Mwezi wa Ramadhani uliopita, baada ya tarawehe, uliniwekea kompyuta juu ya mkeka ukanionyesha filamu ya Kijapani, Rashomon. Ukanieleza mengi juu ya mwongozaji wake, Akira Kurosawa. Nilipokuuliza kamera ilishikwa na nani, ulinyamaza. Sikukusudia kukutahayarisha. Watu wa kazi ndivyo tulivyo: seremala akiingia nyumba ya watu hutazama mlango kabla hajatazama kiti. Kesho yake ukaja na jina, Kazuo Miyagawa, na tangu siku hiyo ninamfikiria yule mzee wa Kyoto kana kwamba duka lake lilikuwa mtaa mmoja na langu.

Kumbuka pale mtema kuni anapoingia msituni na shoka begani. Kamera inamfuata nyuma, mara inamtangulia, mara inatazama juu, na jua lenyewe linaonekana likimetameta kati ya majani. Mwaka 1950 wapiga picha wengi hawakuthubutu kuielekeza kamera kwenye jua. Waliogopa filamu isiungue. Miyagawa aliielekeza. Kisha akapambana na shida anayoijua kila aliyewahi kupiga picha chini ya mwembe: juu jua kali, chini giza, na nyuso za watu zimemezwa na kivuli. Alichukua vioo vikubwa, vioo vya kujitazamia, akalinasa jua pale lilipokuwa wazi akalirusha kwenye nyuso za waigizaji. Lilipita katika matawi kabla ya kuwafikia, ndiyo maana ule mwanga unacheza mashavuni mwao kama maji. Na ile mvua ya langoni ilikuwa haionekani mbele ya mbingu ya kijivu. Wakatia wino mweusi kwenye maji, ndipo ikaonekana. Mwaka 1951 filamu hiyo ilichukua Simba wa Dhahabu kule Venice, na dunia ikaanza kuulizia sinema ya Wajapani.

Kioo, wino na jua. Sikwambii hivyo ili nipunguze bei ya kamera yako. Nakwambia kwa sababu katika ujumbe wako mrefu hukulitaja jua hata mara moja.

Miyagawa alizaliwa mwaka 1908. Utotoni alifundishwa kuchora kwa wino mweusi, ule uchoraji wa kwao ambao mchoraji ana rangi moja tu na brashi, na ustadi wote umo katika maji: wino mzito, wino mwepesi, wino uliokaribia kutoweka. Mwaka 1926 akaingia kampuni ya filamu ya Nikkatsu, na hakukabidhiwa kamera. Alipelekwa kwenye dawa, kusafisha filamu. Hapo ndipo nilipompenda. Mtu anayesafisha picha za wenzake huyaona makosa yao yote kabla yeye mwenyewe hajapata nafasi ya kukosea, na huyaona katika giza, akiwa peke yake, hana wa kumsimulia. Elimu ile haikumtoka. Mwaka 1960, katika filamu ya Otōto ya mwongozaji Kon Ichikawa, alifanya jambo ambalo asiyetoka chumba cha giza asingeliwaza. Filamu ya rangi inaposafishwa, madini ya fedha yaliyomo huondolewa yote zikabaki rangi peke yake. Yeye aliiacha fedha ibaki. Rangi zikapoa, vivuli vikawa vizito, na picha nzima ikawa kama utoto unaokumbukwa na mtu mzima. Leo nyinyi mnabonyeza kitufe mkapata kitu cha kufanana na hicho. Ni halali yenu. Lakini yupo mtu aliyekitafuta kwa mikono yake ndani ya dawa, na alijua kwa nini anakitaka.

Sasa turudi nyumbani. Pwani yetu hii jua huchomoza baharini likatua bara. Utasema hilo hata mtoto analijua. Basi zitazame tena zile picha za wavuvi ulizonitumia, za wakati wanapoteremsha samaki asubuhi. Umbo lake zuri: chombo cheusi, watu weusi, bahari ya dhahabu. Watalii wanazipenda. Lakini hamna hata uso mmoja ndani yake. Ulisimama mchangani, miguu mikavu, na jua liko nyuma ya wale watu, kwa hiyo ulichopata ni vivuli vya watu. Ukitaka uso wa mvuvi asubuhi, ingia majini. Vuka mpaka upande wa pili wa chombo, maji yakufike kiunoni, kisha geuka ulipe jua mgongo wako. Mvuvi akienda nchi kavu na beseni la kwanza utaona kisogo chake, ngoja. Anaporudi kuchukua la pili anakuja akikutazama. Hapo utaona macho yaliyokesha na chumvi iliyokauka kwenye nyusi, na nyuma yake utauona mji, na wanawake wanaongoja samaki wa kwenda kukaanga. Atakuuliza unafanya nini humo majini. Utamjibu. Mkishasemezana, ndipo upige.

Tena mwanga usiusome mchangani. Mchanga mweupe huidanganya kamera. Inadhani dunia nzima inang'aa, inaupunguza mwanga, na ngozi zetu zinageuka shimo jeusi lenye meno. Sogea, usome mwanga kwenye shavu la mtu, ndipo urudi nyuma. Nilijifunza hilo kwa kuharibu picha za harusi mbili, na harusi hairudiwi.

Na ukitaka kumwelewa Miyagawa bila kwenda Japani, panda matatu ya Kilifi, ushuke Arabuko-Sokoke kama saa tatu asubuhi, uende mpaka kwenye mirihi. Ule si msitu wa kufunga juu. Majani ya mrihi ni madogo na jua hupenya likaanguka chini vipande vipande, na upepo ukivuma vile vipande vinahama. Simama hapo nusu saa na kioo cha nyanyako. Utafanya kazi yake yote kwa mkono mmoja.

Lakini hukusema unataka kupiga filamu za hadithi. Umesema unataka kupiga habari na maisha ya watu. Basi kuna mtu wa kwetu ambaye umri wake wote aliingia majini, nami nimeshangaa kwamba nilipokutajia jina lake ulidhani ninamsema yule dikteta wa Uganda. Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli, akakulia Dar es Salaam. Kamera yake ya kwanza ilikuwa Box Brownie kuukuu, sanduku tu lenye kioo. Mwaka 1963 akaanzisha Camerapix kule kule Dar, akiwa na miaka kama ishirini. Januari 1964 yalipotokea mapinduzi Unguja, alikuwako na kamera yake. Mwaka 1966 alikamatwa huko huko Zanzibar akatiwa gerezani karibu mwezi mzima. Alipotoka, makao yake yakawa Nairobi.

Jumamosi ya tarehe 5 Julai 1969, waziri Tom Mboya alipigwa risasi akitoka duka la dawa katikati ya jiji. Mimi nilisikia redioni, na nakumbuka soko zima la Malindi lilivyonyamaza. Amin alifika pale bado watu hawajaamini, akapiga, akaingia na kamera yake ndani ya gari la wagonjwa. Kwa kazi ile alipata tuzo ya mpiga picha wa mwaka wa televisheni kule Uingereza. Baadaye alizunguka Afrika yote penye vita na penye sherehe. Alipiga picha za Hija akatoa kitabu mwaka 1978. Alikwenda mpaka Ziwa Turkana, kwenye jua lisilo na huruma. Yeye hakuwa na nafasi ya kupanga vioo. Mpiga habari hupewa mwanga alioandikiwa siku hiyo, na kazi yake ni kuchagua pa kusimama tu. Kuchagua pa kusimama ndiko kulikokuwa mtindo wake. Alisimama karibu. Mkono wake haukutetemeka. Na aliiacha kamera itazame muda wa kutosha.

Nenda ukaitafute ile ya Korem. Ni Ethiopia, kwenye nyanda za juu, Oktoba 1984. Alikuwa pamoja na Michael Buerk wa BBC. Ni alfajiri. Mwanga bado wa kijivu, kuna baridi na moshi, na uwanda umejaa watu waliojifunika mashuka, wengine wamekaa, wengine wamelala, na hujui nani yu hai. Kamera inapita juu yao polepole, kutoka upande mmoja hadi mwingine, na haiharakishi. Mpiga picha mwenye pupa angekimbilia mtoto mmoja aliyekonda na kumjaza kwenye kioo. Amin kwanza alionyesha wingi wao. Alikuacha utafute mwisho wa uwanda na usiuone. Ndipo akashuka, akaiteremsha kamera mpaka usawa wa watu walioketi chini, akawatazama mmoja mmoja. Mzee wangu mmoja wa kazi alikuwa akisema kwamba ukimpiga picha aliyekaa nawe umesimama, umempiga picha mtumwa. Amin aliinama.

BBC ilionyesha kazi hiyo tarehe 23 Oktoba 1984, na vituo zaidi ya 400 vya runinga duniani vikaifuata. Mwaka huo huo wanamuziki wa Uingereza wakarekodi wimbo wa kuchangia wenye njaa, na tarehe 13 Julai 1985 yakafanyika matamasha makubwa ya Live Aid, London na Philadelphia. Mamilioni ya fedha yalipatikana, na watu waliookoka kwa chakula kile wana wajukuu leo. Mimi sitamsikiliza mtu anayesema picha haziwezi kitu.

Ila kwa kuwa ninampenda Amin, nitasema na hili. Picha zile ziliwaonyesha walimwengu njaa, hazikuwaonyesha vita. Serikali ya Addis Ababa ilikuwa ikipigana kaskazini miaka mingi, mashamba yakaharibika, njia zikafungwa, chakula kikawa silaha. Mtazamaji wa mbali aliona ukame na mikono iliyonyooshwa. Na tangu mwaka ule, mzungu akitaka kuichora Afrika kwenye bango, anachora mtoto yule yule mwenye nzi machoni. Hilo silitwiki kichwani mwa mtu mmoja. Dakika saba za habari haziwezi kubeba sababu, hasa wanaokata filamu wakiwa mbali, tena wana haraka. Lakini wewe unayeanza leo, una simu na huna mhariri wa kukuharakisha. Ukionyesha jeraha, watu watakuuliza kisu kilikuwa cha nani. Uwe na jibu.

Kilifi yetu ina mfano mzuri, na hukuutaja. Mwaka 2019 Maia Lekow na Christopher King walitoa filamu ya ukweli iitwayo The Letter, na King ndiye aliyeshika kamera. Kijana anaishi Mombasa, anapata habari kwamba nyanya yake huko kijijini Kilifi ameandikiwa barua ya kuitwa mchawi, anarudi nyumbani kutafuta ni nani na kwa nini. Unajua mambo hayo. Unajua wazee wangapi wa kaunti hii wamekatwa mapanga kwa sababu ya mvi zao. Lekow na King hawakwenda na kamera siku ya maiti. Walikaa na ile familia miaka. Nyanya anaonekana akilima, akiimba, akikaa kimya. Ugomvi wa shamba unajitokeza wenyewe, wa dini unajitokeza wenyewe, na wanaomshuku nao wana uso, wanasema yao. Kamera imetulia kama jirani aliyezoeleka, hata watu wanaisahau. Kenya iliipeleka filamu ile kuiwakilisha kwenye Oscar za mwaka 2021. Kwangu mimi, heshima yake kubwa ni kwamba yule bibi hakuonyeshwa akiomba kuhurumiwa.

Nimalize habari za Amin, maana ni deni. Juni 1991, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa naye yuko karibu akipiga. Mwenzake wa sauti, John Mathai, aliuawa. Amin akapoteza mkono wa kushoto. Fikiri mpiga picha bila mkono wa kushoto, ule unaobeba lenzi. Akatengenezewa mkono wa bandia Marekani, akarudi kazini na kamera. Tarehe 23 Novemba 1996 alikuwa ndani ya ndege ya Ethiopian kutoka Addis Ababa kuja Nairobi ilipotekwa. Mafuta yakaisha, ikaanguka baharini kandokando ya Ngazija, pale Komoro. Katika watu 175, waliokufa ni 125, naye akiwamo. Kuanguka kwenyewe kulipigwa picha: mtalii mmoja alikuwa ufukweni na kamera yake ndogo, akaona ndege inakuja chini chini, akaiinua. Dunia ikatazama. Aliyekuwa akituonyesha vifo vya watu kwa zaidi ya miaka thelathini, chake kilionyeshwa na mtu aliyekuwa matembezini. Nimelifikiria sana hilo, na sijapata la kusema juu yake.

Sasa nije kwako. Aprili 2023, wakati wa maafa ya Shakahola, uliniambia unakwenda kuwatazama jamaa wa Majengo, kumbe ulikwenda kusimama nje ya uzio wa mochari na wenzako. Siku zile mji wetu ulijaa kamera za kila nchi. Miili zaidi ya 400 ilifukuliwa msituni, wakubwa kwa watoto, wengi wao waliokufa kwa njaa wakifuata mafundisho ya mhubiri wao. Njaa ile ya Korem ilikuja mpaka nyuma ya nyumba yetu wala hatukujua. Siwezi kumlaumu kijana kwa kwenda. Jambo kubwa kama lile lazima lishuhudiwe. Lakini ulinionyesha ulichoshuhudia. Mama mmoja aliyetoka bara, mbali, amekuja kumtafuta ndugu yake, amejifunika uso kwa leso. Umemkaribia, umemkaribia tena, mpaka alipoishusha leso kufuta machozi, hapo umejaza uso wake kwenye simu nzima. Ukaniambia ni watu elfu ngapi walioitazama. Ukaniambia pia, kwa kupita tu, kwamba mama yule alikupa namba yake ya simu kwa sababu alidhani wewe ni mtu wa hospitali.

Sikukwambia kitu siku ile. Sikuweza. Leo nitakwambia kwa kosa langu mimi, la kwako utalipima mwenyewe.

Mwaka 1976, wakati wa kusi, mashua ilipinduka nje ya miamba. Watu watatu waliokolewa, mmoja akakosekana. Siku ya tatu bahari ikamtoa upande wa Mambrui. Nililetewa habari, nikafunga studio nikaenda. Nilimkuta amelazwa chini ya mvinje, amefunikwa leso, nyekundu yenye pindo jeusi, leso ya mama yake. Wazee walikuwa wamekwenda kuleta jeneza. Aliachwa kijana mmoja wa rika lako awafukuze kunguru. Kulikuwa na gazeti likininunulia picha, na fedha yake ilikuwa sawa na pasipoti za wiki nzima. Nikaipiga ile leso. Nikaona haitoshi. Nikamwambia yule kijana, funua kidogo. Akasita. Nikainama nikaifunua mwenyewe.

Bahari inamfanya nini mtu kwa siku tatu, sitakueleza. Picha ilitoka. Mwanga ulikuwa mzuri, wa saa mbili asubuhi, kila kitu kiko wazi. Nilijivunia.

Arobaini ilipopita, mama wa makamo aliingia studioni na buibui lake, akaketi kwenye benchi la wateja, akaomba maji. Nikampa. Akaniambia: "Mwanangu, nimeambiwa wewe ndiwe uliyempiga picha mwanangu. Watu wameniletea ile ya gazeti. Sina nyingine. Nimekuja kuuliza kama huna yake akiwa mzima."

Hakuwa na hasira, mjukuu wangu. Angekuwa na hasira ningejua la kufanya.

Filamu zangu nilizipanga kwa miezi katika visanduku vya viatu, na daftari la majina lilikuwa limeliwa na mchwa. Nilitafuta usiku mmoja, nikatafuta wa pili, nikiinua vipande kimoja kimoja mbele ya taa. Usiku wa tatu nikamwona. Mwaka uliotangulia alikuja kupiga pasipoti. Hoteli moja ilikuwa ikiandika watu kazi. Alikuja na fulana, nikamvika koti la studio, lile la kila mteja, likampwaya mabegani. Nikakiweka kile kipande kwenye mashine ya kukuzia, nikakata karatasi kubwa kuliko zote nilizokuwa nazo. Chini ya taa nyekundu nikaizamisha kwenye dawa nikawa ninalitikisa beseni taratibu. Zikaja nyusi kwanza. Halafu kola ya koti. Halafu macho yakafunguka. Ilikuwa nyeusi mno, shavu limezama, nikaitupa. Ya pili nilitia kiganja changu kati ya taa na karatasi, nikaukinga uso wake usipate mwanga mwingi, nikahesabu. Mkono ulitetemeka. Ya nne ndiyo iliyokubali.

Mama yake alipokuja aliitazama muda mrefu. Akapitisha kidole juu ya kioo cha fremu, kwenye bega. Akasema, "Koti hili si lake." Nikamwambia ni la studio. Akasema, "Limempendeza." Kisha akafungua fundo kwenye pindo la leso yake akatoa fedha. Nikakataa. Akaziweka juu ya meza, akaniambia hataki mwanawe abaki na deni la mtu.

Tangu siku ile watu wale ni jamaa zetu. Picha iko ukutani kwao Mambrui mpaka leo. Idi iliyopita ulikaa chini yake ukala mahamri, ukaniuliza huyo mwenye koti kubwa ni nani, nami nikageuza mazungumzo.

Fedha za kamera ziko kwa nyanyako, katika bahasha ya kahawia. Ongeza stendi nzito, hizi nyepesi upepo wa kusi utazilaza. Namba ya yule mama najua unayo bado, kwa sababu wewe hufuti kitu simuni. Bahasha nyeupe, ile ndogo, ni nauli ya basi mpaka kwao.